Karatasi ya jeshi ikiwa mbaya: mwongozo kamili wa kupandisha dischaji na kudai mafao ya VA

Jamani naandika hii kwa vijana wetu waliopita jeshi la Marekani wakatoka na karatasi mbaya, yaani dischaji (cheti cha kutoka jeshini) yenye doa, na najua mpo wengi kuliko mnavyojionyesha, manake ule mpango wa MAVNI, wa kuandikisha wageni wenye ujuzi maalumu kama lugha, ulioanza 2009 ukaja kusimamishwa 2016 Kiswahili kilikuwa kwenye orodha ya lugha walizozitaka na watu wetu wakaingia, wengine wameingia na grini kadi ya bahati nasibu, wengine wamezaliwa hukuhuku. Mtu akitoka vizuri tunapiga naye picha na bendera tunatuma nyumbani, akitoka vibaya kimya.

Mdogo wangu alikaa kimya miaka 6. Mama kule Tanga anajua mwanae ni mstaafu wa jeshi na anahudumiwa, kumbe dogo analala kwenye gari. Alirudi Afghanistan usingizi hamna, akaingia kwenye pombe, siku moja akaondoka kambini bila ruhusa wiki tatu, aliporudi akawekewa karatasi mezani, saini hapa uende nyumbani, ukikataa ni mahakama ya kijeshi. Akasaini. Tena kuna mtu akamwambia usijali, baada ya miezi 6 inajipandisha yenyewe.

Haijipandishi! Hilo ndo la kwanza ulifute kichwani, hakuna dischaji inayojipandisha, si kwa miezi 6 wala miaka 6, mpaka uombe mwenyewe kwa maandishi.

La pili, na hili ndilo lililotupotezea muda sisi, kuna milango miwili na wenye milango ni watu tofauti. Jeshi kupitia bodi zake ndilo linaloweza kubadilisha maandishi kwenye karatasi. VA, idara ya maveterani, haiwezi kugusa karatasi lakini ina mamlaka yake ya kuamua kwamba huyu pamoja na karatasi yake hiyo anastahili matibabu na fidia. Unabisha hodi kote kuwili kwa wakati mmoja. Usisubiri bodi ikujibu ndo uende VA, bodi zinachukua mwaka na zaidi na wewe unaumwa leo.

Hatua ya 1: kusanya karatasi zako zote

Tafuta DD-214, ndo cheti chenyewe cha kutoka jeshini, na uhakikishe ni ile kopi ndefu inayoitwa Member-4, kwa sababu ile fupi haionyeshi sababu ya kutoka. Shuka chini kabisa, kisanduku namba 24 kinasema aina ya dischaji, 25 ni kanuni waliyotumia kukutoa, 26 na 27 ni misimbo yao (code), 28 ni sababu kwa maneno. Vyote hivi unaweza kuomba vibadilishwe, na watu wengi wanaomba cha 24 tu wanasahau cha 28, matokeo yake mtu anapandishwa halafu mwajiri anasoma kwenye 28 imeandikwa utovu mkubwa wa nidhamu.

Kama huna, jaza fomu SF-180 uitume kituo cha kumbukumbu za wanajeshi St. Louis, Missouri, au uombe kwa intaneti, ni bure. Omba faili zima la utumishi na faili la matibabu, yaani kila kitu kuanzia tathmini, adhabu, medali, mpaka siku uliyoenda zahanati ya kambi kulalamika kichwa. Kwa sisi hapo ndo kesi ilipopatikana, dogo alishasahau kwamba alishawahi kwenda kwa daktari wa kambi akasema halali, daktari akaandika mistari miwili, basi hiyo mistari miwili ilikuja kuwa dhahabu. Wazee waliotumikia zamani wajue kuna moto uliwaka kituoni hapo 1973 ukaunguza mamilioni ya mafaili ya jeshi la nchi kavu na la anga, kwa hiyo wakikujibu faili halipo usikate tamaa, unajenga upya kwa barua za wenzako na karatasi ulizobaki nazo nyumbani.

Hatua ya 2: jua umesimama wapi

Ukiona HONORABLE uko sawa, mafao yote wazi. Ukiona GENERAL, UNDER HONORABLE CONDITIONS, hapo matibabu, fidia ya ulemavu na mkopo wa nyumba unaweza kupata, lakini GI Bill ya kusomea huna, na hili linawauma vijana wengi manake walijiunga kwa ajili ya shule. Kama una kipindi kingine cha utumishi kilichoisha kwa HONORABLE, mtu alisaini mara mbili mfano, hicho kinaweza kukubeba kwenye shule.

UNDER OTHER THAN HONORABLE CONDITIONS, wenyewe tunaiita OTH, ndo kundi kubwa la watu wanaoteseka. Hapa VA ndiyo inaamua, kesi moja moja. Vilevile BAD CONDUCT iliyotoka kwa mahakama ndogo ya kijeshi. Lakini kama ni BAD CONDUCT ya mahakama kuu ya kijeshi, au DISHONORABLE yenyewe, sheria imefunga mlango wa VA, labda uthibitishe kwamba wakati unatenda kosa akili haikuwa sawa.

Wale waliotoka mwanzoni kabisa karatasi inasema UNCHARACTERIZED, hiyo haihesabiwi mbaya, tatizo lao huwa ni muda tu. Kwa waliojiunga baada ya tarehe 7 Septemba 1980 kwa kawaida unatakiwa uwe umemaliza miezi 24 mfululizo au muda wote ulioitwa, isipokuwa kama umetolewa kwa sababu ya jeraha au ugonjwa wa kazini na mambo mengine machache.

Hatua ya 3: nenda VA sasa hivi, na OTH yako hivyohivyo

Kama hali ni mbaya leo, unawaza kujidhuru, piga 988 halafu bonyeza 1, hawaulizi karatasi kwanza. Tangu Januari 2023 veterani mwenye mawazo ya kujiua anaweza kutibiwa dharura kwa gharama ya VA, mpaka siku 30 za kulazwa na siku 90 za kwenda na kurudi, na wenye OTH waliotumikia zaidi ya siku 100 na wakafika eneo la vita, au walionyanyaswa kingono jeshini, wamo. Watu hao hao wana haki ya matibabu ya akili hata nje ya dharura. Na aliyenyanyaswa kingono jeshini, mwanamke au mwanaume, ana haki ya kutibiwa kwa jambo hilo hata akiwa na OTH. Nimelirudia kwa makusudi, sisi Waswahili hili jambo tunalizika, mtu anaona heri afe kuliko aseme.

Kwa matibabu ya kawaida jaza 10-10EZ, kwa fidia ya ulemavu jaza 21-526EZ. Kama ushahidi haujakamilika tuma kwanza 21-0966, ile inashikilia tarehe yako mwaka mzima, ukija kushinda malipo yanahesabiwa kuanzia tarehe hiyo, kwa hiyo ukiacha kuituma unajinyima hela yako mwenyewe.

Sasa sikia, ukifika dirishani mtu akaiangalia DD-214 akakwambia wewe huna haki, usigeuke kwenda nyumbani. Mtu wa dirishani hana mamlaka hayo. Mwambie kwa adabu naomba fomu yangu ipokelewe na nipate uamuzi kwa maandishi. Ukishatuma watakuandikia barua wakitaka ueleze mazingira ya kutoka kwako, na barua ina muda wa kujibu, wengi kesi zinakufa hapa kwa sababu barua ilienda anwani ya zamani kwa shemeji au imekaa kwenye droo haijafunguliwa. Jibu. Eleza kilichotokea, ambatanisha ushahidi uleule utakaoupeleka kwa bodi.

Wanaangalia nini? Walioondoka bila ruhusa siku 180 mfululizo na zaidi wakapewa OTH kwa sababu hiyo sheria inawazuia, ila kuna mlango wa mazingira mazito, mfano mama mgonjwa mahututi, unyanyasaji, ugonjwa wa akili, na uliwahi kutumikia vizuri kiasi gani kabla. Tarehe 25 Juni 2024 kanuni zao zilibadilishwa, mazingira mazito sasa yanaweza kumwokoa hata mtu aliyetolewa kwa utovu wa makusudi na wa kurudiarudia, na kile kizuizi cha zamani cha vitendo vya mapenzi ya jinsia moja kikaondolewa. Kama ulishakataliwa kabla ya hapo omba tena.

Hata ukikosa fidia kwa sababu ya OTH, matibabu ya ugonjwa au jeraha ulilolipata kazini bado unaweza kupewa kama hujaangukia kwenye vizuizi vya sheria yenyewe. Na programu kadhaa za veterani asiye na makazi zinapokea wenye OTH, dogo langu chumba alikipata kwa njia hiyo kabla bodi haijafungua hata bahasha yake.

Hatua ya 4: chagua bodi

Kila jeshi lina bodi mbili. Ya kwanza ni bodi ya kupitia dischaji, fomu yake DD-293, una miaka 15 tangu siku uliyotoka. Haiwezi kugusa hukumu ya mahakama kuu ya kijeshi wala kukubadilishia ikawa kutoka kwa sababu ya ugonjwa. Ya pili ni bodi ya kurekebisha kumbukumbu, fomu DD-149, hii ina nguvu zaidi. Muda wake ni miaka 3 tangu ulipogundua kosa au dhuluma, lakini wanaruhusiwa kuusamehe muda kwa maslahi ya haki, kwa hiyo mzee wa Vietnam naye anaomba, aandike tu sababu ya kuchelewa.

Kama uko ndani ya miaka 15 anza na ya kwanza. Faida yake unaweza kupata nafasi mbili, kwanza wapitie makaratasi tu, wakikataa unaomba kusikilizwa ana kwa ana. Ukianza na kusikilizwa ile ya makaratasi imekupita. Ukishindwa kote ndo unapanda bodi ya pili.

Ila kuna jambo wengi hawaambiwi. Kama kizuizi chako VA ni cha sheria yenyewe, mfano zile siku 180, kupandishwa na bodi ya kwanza kwa kawaida hakukiondoi, karatasi itapendeza lakini VA bado watasema hapana. Ikipandisha bodi ya pili VA wanafungwa na uamuzi huo. Soma kesi yako vizuri kabla hujachagua.

Hatua ya 5: barua yako

Hapa kaa, chukua wiki, chukua mwezi. Fomu ni kurasa chache tu, kesi ni barua.

Bodi inakupandisha kwa njia mbili, ama utaratibu wao ulikosewa, au adhabu haikuwa ya haki ukiangalia mtu mzima na maisha yake. Tangu 2014 alipotoa waraka Chuck Hagel, waziri wa ulinzi wakati ule, bodi zimeagizwa kuwaangalia kwa moyo mpana watu wenye PTSD, yaani maradhi ya akili yanayotokana na mambo ya kutisha uliyopitia, na waraka wa 2017 unaoitwa wa Kurta ukapanua mpaka jeraha la ubongo, ugonjwa wowote wa akili na unyanyasaji wa kingono. Waraka huo una maswali manne na mimi nakwambia andika barua yako kwa kuyajibu hayohayo kwa mpangilio wake. Ulikuwa na hali au tukio linaloweza kupunguza uzito wa kosa? Lilikuwepo au lilitokea ukiwa jeshini? Kweli linapunguza uzito wa kosa hili, yaani linahusianaje? Na je linazidi uzito wa kosa lenyewe?

Swali la tatu ndo watu wanaanguka. Mtu anaandika nina PTSD, nina PTSD, kurasa tano, hasemi PTSD ilimpelekeaje kuvuta bangi. Fungamanisha. Nilirudi mwezi fulani, nikaanza kuota, nikawa silali, nikanywa ili nilale, asubuhi nikachelewa gwaride, sajenti akanifokea, nikaogopa kurudi, nikapanda basi. Hivyo. Kosa moja, sababu yake, tarehe yake. Kama makosa yalikuwa matatu, eleza yote matatu, usiruke lile la aibu kwa sababu wao wanalo kwenye faili mbele yao.

Usimtukane kamanda wako hata kama anastahili. Kubali ulichofanya kwanza, halafu eleza. Waraka wenyewe unasema maneno yako peke yake yanaweza kuwa ushahidi, kwa hiyo usiogope kama hukwenda hospitali wakati ule. Nani katika sisi alikwenda? Tumelelewa kwamba mwanaume halii, kichwa kikisumbua unaambiwa omba Mungu, ukisema nimechanganyikiwa unachekwa. Andika hilo pia! Bodi haijui Tanga, mwambie kwa nini mtoto wa kwetu hakwenda kwa daktari wa akili.

Wale waliotolewa kwa sababu ya kuwa mashoga au wasagaji, ile sheria ya Don't Ask, Don't Tell ilikufa Septemba 2011 na bodi zina maelekezo yake, kama sababu ilikuwa hiyo tu bila kosa lingine kesi ni nyepesi kiasi.

Hatua ya 6: ushahidi

Tafuta daktari au mwanasaikolojia akuandikie barua inayosema ugonjwa gani, ulianza lini kwa maoni yake, na unahusianaje na tabia ile, barua ya "anaumwa" peke yake haitoshi. Tafuta wenzako wa kikosi, wapo Facebook, aandike alichokiona kwa macho, alivyokujua kabla ya safari na baada. Mke, mama, kaka, yeyote aliyepokea simu zako usiku. Barua ya mama iliyoandikwa kwa Kiswahili ambatanisha na tafsiri ya Kiingereza yenye saini ya mtafsiri, ya mama yetu ilikuwa ukurasa mmoja wa daftari, alieleza mwanae alivyokuja likizo akawa analala sakafuni mgongo ukutani.

Kwa unyanyasaji wa kingono usidhani bila ripoti huna kesi. Wanakubali dalili za pembeni kama kuomba uhamisho ghafla, kazi kushuka, pombe kuanza, kupima ujauzito au magonjwa ya zinaa, kumwambia padri au rafiki.

Halafu maisha yako baada ya jeshi. Kazi, vyeti, kodi ulizolipa, barua ya imamu au mchungaji, rekodi safi ya polisi, vikao vya kuacha pombe. Panga kwa namba, kiambatanisho 1, 2, 3, na kwenye barua useme "angalia kiambatanisho 4".

Msaada, na ni bure

Vyama vya maveterani kama American Legion, DAV na VFW vina watu wanaosaidia kesi za VA bila malipo hata kama si mwanachama, na kaunti nyingi zina ofisa wake wa maveterani. Kwa bodi tafuta kliniki za sheria za vyuo vikuu au shirika la NVLSP wanaounganisha watu na mawakili wa kujitolea. Ombi la kwanza la VA sheria hairuhusu mtu akutoze ada ya kukuandalia, dogo alishatoa dola 800 kwa jamaa mmoja aliyejiita mtaalamu na hakuna fomu hata moja iliyofika kokote. Uliza anatambuliwa na VA? Akianza maneno mengi ondoka.

Wasio raia bado

Uraia kwa njia ya jeshi unataka HONORABLE au GENERAL, OTH haiingii. Na aliyepewa uraia kwa jeshi halafu akatolewa vibaya kabla ya kutimiza miaka 5 ya utumishi mzuri, uraia unaweza kunyang'anywa. Kwa hiyo kama una grini kadi na OTH, usijaze N-400, fomu ya kuomba uraia, wala kusafiri nje kabla hujakaa na wakili wa uhamiaji, hasa kama kulikuwa na kesi ya dawa za kulevya.

Siku ya kusikilizwa na baada yake

Siku hizi mara nyingi ni kwa video au simu. Bodi ya kwanza inakaa na wajumbe kadhaa. Vaa vizuri, jibu swali uliloulizwa basi, usihutubie, na ukilia si vibaya. Dogo alilia.

Wakikataa, soma sababu mstari kwa mstari, ndo ramani ya ombi lijalo. Waliotoka tarehe 20 Desemba 2019 na kuendelea, wakishamaliza bodi zote wana ngazi nyingine inayoitwa DARB, una siku 365 tangu uamuzi wa mwisho na haipokei ushahidi mpya, kwa hiyo kila kitu kiwe kilishawekwa kabla. Kwa upande wa VA una mwaka mmoja wa kukata rufaa, ama ulete ushahidi mpya, ama uombe mkubwa wao aangalie upya, ama uende bodi ya rufaa.

Wakikubali utapata DD-214 mpya. Kagua tena 24 mpaka 28 kabla ya kusherehekea. Ipeleke VA siku hiyohiyo ukaombe tena yote uliyonyimwa. GI Bill kama ni HONORABLE, upendeleo wa veterani kwenye kazi za serikali hata kwa GENERAL. Na kama unafikiria kurudi nyumbani, fidia inakufuata Tanzania au Kenya, na matibabu ya ugonjwa waliokubali kwamba umetokana na kazi VA inalipia hata huko, kuna programu ya nje ya nchi, unajiandikisha kabla ya kuhama. Anwani yako ya barua ibadilishe kabla hujapanda ndege.